Tarehe za Penseli

Nilipokomea, nilikuwa nimesimama nje ya geti la yadi ya malori yaliyokamatwa, na siku zimebaki nne tu.

Kwa anayekutana nami leo kwa mara ya kwanza, nitakupitisha haraka. Nina lori. Tuseme nilikuwa nalo. Mume wangu alilinunua kwa jasho la miaka kumi na tisa, akaliandikisha kwa jina langu, akanikabidhi ufunguo mbele ya dada zake mpaka wakanuna. Mwaka uliofuata akaanguka kutoka juu ya bodi ya lori hilo hilo, akaumia mgongo, na tangu siku hiyo ni mtu wa kulala juu ya ubao. Lori likabaki kwangu. Usukani ukabaki kwa mdogo wake, shemeji yangu, ambaye siku naolewa nilimkuta mapengo, hana hata meno ya mbele.

Mume wangu nilimwambia lori linabeba kokoto za machimbo. Mimi na shemeji ndio tuliojua kwamba linabeba mchanga wa mto.

Na mchanga wa mto una sheria zake. Bila kibali huchoti hata ndoo. Kibali kimoja ni safari moja, siku moja, basi. Ukikutwa nje ya hapo, dereva ndani, lori yadi. Mwenye lori anapewa siku thelathini aende mahakamani akaeleze kwa nini arudishiwe. Zikipita, lori ni mali ya serikali, na wewe utaliona tena siku ya mnada, kama utakuwa na moyo wa kwenda kuangalia.

Letu lilikamatwa saa nne asubuhi, kweupe, safari ya pili ya siku hiyo, mchanga bado unachuruzika maji barabarani. Shemeji akapelekwa mahabusu. Hayo nimeshayasimulia.

Kuna moja sikulisimulia. Nililimeza kwa wiki zote hizi kwa sababu ya aibu, na leo linatoka.

Niliwaambia kibali tulikuwa nacho. Kweli tulikuwa nacho. Kimoja. Tulikitembeza miezi mitatu.

Karani wa vibali alikuwa na moyo mwepesi. Ukimsalimia vizuri, anakupigia muhuri na sehemu ya tarehe anaiacha wazi. Basi jioni mimi nakaa mezani, nachukua penseli, naandika tarehe ya kesho. Lori likienda likarudi bila kusimamishwa, nachukua kifutio, nafuta, naandika tarehe nyingine. Likisimamishwa, askari anatupa jicho, anaona muhuri, anaona tarehe ya leo, anasema pita. Wenye malori wote wa ule mto ndivyo walivyofanya. Karatasi yetu ilifutwa mpaka ikawa nyembamba kama ganda la kitunguu.

Sasa unaelewa kwa nini pale getini nilisita kuingia. Wakili wangu aliniambia bila kadi halisi ya gari hakuna maombi. Kadi iko ndani ya lori, kwenye mfuko wa plastiki chini ya kiti cha dereva. Na kibali kile, chenye mwandiko wangu mimi, kiko ndani ya mfuko huo huo.

"Mama, hapa si sokoni," mlinzi wa yadi akaniambia.

"Nataka kuliangalia lori langu tu, baba."

"Kuliangalia kwa macho au kwa mikono?"

"Kwa macho."

"Wote husema kwa macho. Kesho yake betri haipo, naulizwa mimi." Akanitazama juu mpaka chini. Nadhani sura yangu ilimtia huruma, maana nilikuwa sijalala siku tatu. "Dakika tano. Ukitoka na kitu mkononi, mimi na wewe hatujuani."

Nikaingia. Jamani, yadi ile! Malori yamepangwa kama majeneza. Mengine yalikuwa na mchanga bado, na juu ya mchanga majani yameota, marefu, mabichi. Ukiona majani yameota juu ya lori la mtu, ujue huyo mtu ameshakata tamaa nyumbani kwake.

La kwangu lilikuwa safu ya mwisho. Nikapanda, nikaingiza mkono chini ya kiti. Mfuko upo. Nikauvuta.

Kabla sijaufungua, nikasikia sauti za wanaume.

Nikajikunja sakafuni, pale miguu ya utingo inapokaa, nikajifunika uso kwa mtandio utadhani ndio utanificha. Wakaja mpaka ubavuni mwa lori. Mmoja akagonga mlango kwa kalamu, pale pale kichwani pangu.

"Na hili?"

"Hilo bado siku nne."

"Liandike tu. Wangapi hurudi kuyadai? Tairi zake bado nzuri. Andika."

Nikasikia kalamu ikikwaruza karatasi. Lori la mume wangu linaandikwa kwenye orodha ya mnada na mimi nimo ndani yake. Nilibana pumzi mpaka masikio yakaanza kuvuma. Walipoondoka, nilikaa pale nikihesabu hatua zao, kisha nikafungua mfuko kwa vidole vilivyokufa ganzi.

Kadi ya gari ipo. Bima ipo. Picha ya watoto wangu, ambayo shemeji huizungusha popote aendapo, ipo.

Kibali hakipo.

Nikapekua tena. Nikapapasa chini ya zulia, nyuma ya kizuia jua, kwenye tundu la redio. Hakipo! Nikajiambia, shemeji ana akili, lazima alikitafuna siku ile ile. Nikaificha kadi kifuani, nikatoka na mikono mitupu. Mlinzi akaniangalia mikono, akafungua geti.

Wakili nilimkuta ofisini kwake, chumba kimoja juu ya duka la nguo, feni inazunguka bila kuleta upepo. Nikamweleza kila kitu, hata penseli.

"Hiyo karatasi iko wapi sasa?"

"Haipo. Nadhani shemeji aliitafuna."

"Basi kama haipo, haipo. Usiitaje tena hata usingizini." Akavuta karatasi nyeupe. "Sheria inasema hivi: mwenye gari akionyesha kwamba gari lilitumika bila yeye kujua, hakimu anaweza kumrudishia. Tunaandika hati ya kiapo. Wewe hukujua. Dereva alilichukua kwa akili zake mwenyewe."

"Lakini nilijua."

"Mama, unataka lori au unataka kutubu?"

Nikaitoa kadi kifuani, nikaiweka mezani kwake.

"Sikiliza. Dereva ameshakamatwa. Yeye atahukumiwa, ukisema usiseme. Wewe ukisema ulijua, unaenda naye, na lori linaenda. Nani atabaki na mgonjwa wako?"

"Yule ni shemeji yangu. Nimemlea."

"Mahakamani hakuna shemeji," akasema. "Kuna mshtakiwa namba moja."

Akanisukumia kalamu. Msinihukumu haraka, ndugu zangu. Nilimfikiria mume wangu juu ya ubao wake. Dawa zake za mwezi, watoto wawili shuleni, vyote vilikuwa vinatoka kwenye lori lile. Nikajipiga moyo konde. Nikatia sahihi kwamba mtu niliyemfulia kaptula za shule ni mwizi wa gari langu.

Nyumbani nikaingia na uso wa kawaida. Nilikuwa nimeshaufanyia mazoezi njiani.

"Fundi bado?" mume wangu akauliza kutoka chumbani. Nilikuwa nimemwambia lori liko gereji.

"Bado. Anasubiri spea."

"Spea gani?"

"Ya gia boksi."

"Wiki ya nne sasa. Hiyo gia boksi inaletwa kutoka mwezini?"

Nikacheka. Kicheko kilitoka kikavu. Nikamgeuza ubavu kama kila jioni, mkono mmoja begani, mmoja kiunoni, kwa sababu akigeuka peke yake hupiga yowe. Daktari alishasema: ubao na godoro jembamba, akilala sakafuni wiki moja hatainuka tena.

"Na mdogo wangu?" akauliza, uso ukutani. "Mbona haji kunisalimia?"

"Yuko na fundi huko huko."

"Mm," akasema.

Siku ya kesi niliamka nimevimba macho. Nikavaa gauni langu jeusi, lile la heshima. Nikapita mlangoni kwake kuaga.

"Unakwenda wapi?"

"Gereji."

Akaniangalia muda mrefu. "Umevaa nguo ya msibani kwenda gereji?"

"Nyingine zote hazijakauka."

"Haya, mama. Msalimie fundi."

Nikatoka mbio kabla machozi hayajanisaliti.

Chumba cha mahakama kilikuwa kidogo, mabenchi yamejaa wenye malori, kila mmoja na bahasha yake mapajani. Hakimu alikuwa mwanamke wa makamo, sauti ya chini, na wenye sauti ya chini ndio ninaowaogopa. Shemeji aliletwa kizimbani. Amekonda, ndevu zimemjaa. Aliponiona akatabasamu. Akatabasamu, masikini, akidhani nimekuja kumtoa.

Nikala kiapo. Wakili akasimama, akasoma hati yangu kwa sauti. "Kwamba mwombaji hakumtuma dereva. Kwamba hakujua lori limekwenda mtoni. Kwamba dereva alilichukua bila ruhusa yake."

Sikumtazama shemeji. Nilitazama viatu vyangu. Lakini nilisikia minyororo ya pingu zake ikigonga ubao wa kizimba, mara moja tu.

Hakimu akaandika. "Upande wa mashtaka, mna pingamizi?"

Mwendesha mashtaka alikuwa kijana mtanashati. Akainuka bila haraka, akafungua faili.

"Tuna karatasi moja tu, mheshimiwa. Ilikutwa ndani ya lori siku ya kukamatwa."

Akaitoa. Hata kutoka pale niliposimama niliitambua, nyembamba, imekunjika pembe, imechafuka kwa kufutwa. Kumbe walichukua kibali, wakaacha kadi!

Akainyanyua kwenye mwanga wa dirisha. "Mheshimiwa akitazama hivi, ataona tarehe zilizofutwa. Hapa tarehe saba. Hapa kumi na saba. Hapa ishirini na saba. Ziko nyingi. Mwandiko ni mmoja. Na kila saba imekatwa mstari katikati."

Ni kweli. Nilikuwa karani wa ghala kabla sijaolewa, na bosi wetu alitulazimisha tukate saba mstari, isije ikasomwa moja. Mkono ukazoea. Miaka ishirini sijawahi kuandika saba bila mstari wake.

Hakimu akaishika karatasi kwa ncha za vidole. "Aliyeandika hizi ndiye aliyepanga safari," akasema. "Ni nani?"

Wakili wangu alikuwa ametazama juu, anahesabu mbao za dari.

"Ni mimi, mheshimiwa."

Nikageuka. Alikuwa shemeji. Amesimama wima kizimbani, pingu mikononi, hanitazami.

"Wewe dereva?"

"Ndiyo. Shemeji hajui kitu. Kama alivyoapa."

Ndugu zangu, bora angenitemea mate.

"Mpeni penseli," hakimu akasema. "Andika ishirini na saba."

Wakamfungua mkono mmoja. Akaegemea ubao, akaandika kwa taabu, ulimi nje kama alipokuwa mtoto anafanya hesabu zake pembeni ya jiko langu. Karatasi ikapelekwa mbele. Hakimu akatazama huku, akatazama kule.

"Saba yako haina mstari. Na mbili yako umeigeuza. Si wewe." Akaweka penseli mezani. "Mama, sogea hapa."

Nilisogea. Nikawaza, niandike saba bila mstari. Kitu rahisi hicho, mtoto wa chekechea anaweza. Nikanyoosha mkono kuichukua penseli.

"Mwandiko ni wangu."

Sauti ilitoka mlangoni. Sauti hiyo nimelala nayo miaka ishirini.

Mume wangu alikuwa ameshikilia fremu ya mlango kwa mkono mmoja na fimbo kwa mkono wa pili, jasho linamtiririka, suruali imejaa vumbi la pikipiki. Mtu ambaye tangu aanguke hajavuka mlango wa chumba chake! Mabenchi yote yakageuka. Akaanza kutembea. Kila hatua anasimama, anauma mdomo, anavuta pumzi. Askari alitaka kumshika, akamkataa kwa kichwa.

"Wewe ni nani?" hakimu akauliza.

"Mume wa huyu. Kaka wa huyo."

"Na unasema mwandiko ni wako?"

"Nipeni hiyo penseli."

Akaapishwa amesimama, maana kukaa kwenye benchi hawezi. Nilikuwa karibu yake kiasi cha kusikia meno yake yakisagana. Nilitaka kumwambia acha, rudi, utajiua.

Akaandika mbili. Akaandika saba, tupu, haina kitu katikati. Nikaona penseli inainuka. Nikajua imekwisha.

Halafu akanitazama. Akateremsha penseli taratibu, akaikata ile saba mstari.

Alikuwa anajua. Jioni zote zile nilizokaa mezani na kifutio changu nikidhani amelala, mlango wa chumba ulikuwa wazi, na yeye juu ya ubao wake alikuwa ananitazama. Gia boksi yote niliyomuuzia, aliinunua kwa makusudi, na asubuhi ile gauni jeusi lilimtosha kujua ni siku ya mahakama.

Hakimu alilinganisha kwa muda mrefu. "Inafanana," akasema. "Kwa hiyo wewe ndiye uliyemtuma mdogo wako mtoni?"

"Mimi."

"Yeye alijua ni kosa?"

"Yeye aliambiwa kibali ni kizima. Ni dereva tu, mheshimiwa."

"Na mkeo?"

"Huyu?" Akatabasamu kidogo, na midomo yake ilikuwa myeupe kwa maumivu. "Huyu nilimwambia lori linabeba kokoto. Hajui mchanga wa mto unafananaje."

Neno langu lile lile, nililomdanganya nalo, amelichukua akalifanya ngao yangu.

Mwendesha mashtaka akasimama. "Mheshimiwa, kwa kukiri huko, tunaomba huyu bwana awekwe mahabusu leo."

Mahabusu. Nilishapeleka chakula kule. Sakafu ni saruji tupu, na maji hupita chini ya mlango. Nani atamgeuza ubavu?

Wakili akaninong'oneza sikioni, haraka, pumzi yake moto. "Mungu amekupenda, mama. Thibitisha tu. Lori linatoka leo leo, na shemeji yako anaachiwa. Neno moja."

Hakimu akavua miwani. "Mama, bado uko chini ya kiapo. Maneno ya mumeo ni kweli? Ndiyo au hapana."

Nikamtazama shemeji. Ameinamisha kichwa, mabega yanamtikisika. Nikamtazama mume wangu. Alikuwa ananitikisia kichwa, kidogo sana, vile anavyonitikisia akitaka nisiwashe taa watoto wakiwa wamelala. Nyuma yake askari alikuwa ameshafungua pingu.

"Mama," hakimu akasema. "Ndiyo au hapana?"

Nikafungua mdomo. Na neno lililotoka, haki ya Mungu, sikulichagua mimi. Lenyewe nitawapa tukikutana tena.